Udongo mweusi na udongo wenye rutuba ni vitu viwili

Rutuba ni uwezo wa udongo kuulisha mmea: virutubisho viwepo, maji yakae kiasi, hewa ipenye mizizini, vijidudu viendelee kuozesha mabaki. Basi. Rangi haimo.

Lakini muuza miche kando ya barabara akisema "huu mweusi, una rutuba", mnunuzi analipa bila hata kuushika. Weusi una vyanzo vingi. Kuna weusi wa mboji, yaani mabaki ya mimea na wanyama yaliyooza hadi hutambui yalikuwa nini. Huo ndio tunaoutafuta. Kuna weusi wa majivu ya jalalani, na weusi wa oili chafu nyuma ya gereji (na mchicha umepandwa papo hapo, msinibishie).

Halafu kuna udongo mweusi wa mfinyanzi wa Mwea na tambarare za Athi kule Kenya, na mbuga za Shinyanga, Tanzania, na huu ndio unaowachanganya wengi. Ni mweusi tii, ilhali mboji yake mara nyingi ni haba. Hiyo kidogo iliyopo imeshikamana na chembe za mfinyanzi ikaupaka wote rangi. Kalsiamu na magnesi unazo, nitrojeni huwa pungufu. Mvua ikinyesha unavimba na hewa inakosa njia. Jua likiwaka unapasuka nyufa za kuingiza mkono. Mpunga hauna tatizo nao, na Mwea na Shinyanga wanaulima humo. Karoti itatoka imepinda, ikitoka. Wakati huohuo udongo mwekundu wa Kiambu, ambao wekundu wake ni oksidi ya chuma tu, umebeba kahawa na chai miaka nenda miaka rudi, na bado kuna mtu atauita "udongo mbovu".

Kabla ya kuusifu, lowesha konzi moja, uusukume kwa kidole gumba juu ya kidole cha shahada utoke kama utepe. Ukipita sentimita 5 bila kukatika, huo ni mfinyanzi, uwe mweusi uwavyo. Usikimbilie kuuchanganya na mchanga kidogo, utapata tofali. Weka samadi iliyooza vizuri, inua matuta, tandaza nyasi kavu, na usiulime ukiwa umelowa chapachapa.

Kwa hiyo, jirani, ukitaka kunisifia udongo wa bustani yako, nianzie na jinsi unavyopitisha maji. Rangi tutaiongelea baadaye.