Amri za Muda Katika Kesi za Ukwepaji Ushuru: Mahakama ya Rufaa Huamua Nini?

Mfanyabiashara wa Industrial Area, Nairobi, anapopata akaunti yake imefungwa kwa amri ya Mahakama Kuu, kisha wiki mbili baadaye wakili wake akarejea kutoka mahakama za Milimani na amri nyingine inayoifungua, watu husema ameishinda KRA, Mamlaka ya Ushuru ya Kenya. Hajashinda chochote bado. Amri zote mbili ni za muda, na iwapo upande mmoja utaenda Mahakama ya Rufaa, majaji huko hawatauliza ni kiasi gani cha ushuru kilichokwepwa. Watauliza fedha zinazobishaniwa zikae wapi na chini ya ulinzi gani hadi kesi yenyewe iamuliwe.

Sheria ya Taratibu za Ushuru ya 2015 inamruhusu Kamishna wa KRA, akiwa na sababu za msingi za kuamini kwamba mtu hakulipa ushuru wa mapato au mauzo yake na huenda akakwamisha ukusanyaji wake, kuitaka benki izuie fedha za mtu huyo, kisha aombe amri ya Mahakama Kuu ya kuzihifadhi. Kwa kawaida ombi hilo husikilizwa mlipa ushuru akiwa hayupo, maana akijulishwa mapema fedha zitahama kabla faili haijafunguliwa. Kwa sababu hiyo anayesikilizwa peke yake ana wajibu wa kumweleza jaji kila jambo muhimu, pamoja na yale yanayomdhuru mwenyewe, na akificha, amri inaweza kuondolewa kwa kosa hilo tu. Njia ya kwanza ya mlipa ushuru, basi, ni kurudi kwa Mahakama Kuu hiyo hiyo na kuomba amri itenguliwe. Wengi huiruka hatua hii kwa papara ya kukata rufaa.

Anayepinga tathmini yenyewe ya ushuru anaodaiwa ana njia nyingine: pingamizi kwa Kamishna ndani ya siku 30, kisha Jopo la Rufaa za Ushuru, ambalo lina uwezo wa kusimamisha utekelezaji wa uamuzi wa Kamishna, kisha Mahakama Kuu.

Katika Mahakama ya Rufaa kuna mambo mawili ambayo huchanganywa mara nyingi. La kwanza ni rufaa kamili dhidi ya amri ya muda. Tangu kesi ya Mbogo dhidi ya Shah ya 1968, msimamo ni kwamba mahakama inayosikiliza rufaa haiingilii hiari ya jaji kwa sababu tu yenyewe ingeamua vingine. Ni lazima ionekane kwamba jaji alipotoka katika jambo fulani au kwamba uamuzi wake ni wa makosa dhahiri. La pili ni ombi chini ya kanuni ya 5(2)(b) ya Kanuni za Mahakama ya Rufaa, ambapo mtu aliyewasilisha notisi ya rufaa, kwa kawaida ndani ya siku 14, huomba hali isibadilike hadi rufaa isikilizwe. Hapa majaji hawamkagui jaji wa chini. Wanaliangalia ombi upya, wakiuliza kama rufaa ina hoja ya kujadiliwa, hata kama ni moja tu na hata kama huenda ikashindwa baadaye, na kama rufaa itakuwa kazi bure iwapo ombi litakataliwa. Lazima yote mawili yathibitishwe.

Swali la pili, la rufaa kuwa kazi bure, ndilo huangusha maombi mengi ya ushuru. Serikali husema, na kwa haki, kwamba ina uwezo wa kurudisha fedha ikishindwa, hivyo mlipa ushuru hapotezi kitu kisichoweza kufidiwa. Mlipa ushuru naye hujibu kwamba kampuni isiyoweza kulipa mishahara mwisho wa mwezi haitakuwepo kupokea marejesho hayo. Kwa maoni yangu jibu hili lina uzito, lakini halitoshi likiwa maneno matupu ndani ya hati ya kiapo. Linahitaji taarifa za benki, orodha ya mishahara na mikataba inayokaribia kuvunjika. Mwenye dhamana ya benki mkononi husikilizwa vizuri zaidi, kwa sababu pande zote mbili hubaki salama.

Jambo jingine ni kwamba amri ya muda haitabiri hukumu. Sheria ya Fedha ya 2023 ilisimamishwa na Mahakama Kuu mwishoni mwa Juni mwaka huo, na Mahakama ya Rufaa ikaondoa zuio hilo mwezi uliofuata. Mwaka mmoja baadaye, Julai 2024, Mahakama ya Rufaa hiyo hiyo ilitangaza sheria nzima kuwa kinyume cha Katiba. Mahakama ya Juu, iliyo juu ya zote nchini, ikasimamisha hukumu hiyo mwezi Agosti na kuitengua Oktoba.

Tahadhari moja hupatikana kwa gharama kubwa. Mahakama Kuu ikitupilia mbali ombi lako, kwa kawaida hakuna cha kusimamisha, kwa kuwa amri hiyo haikumwagiza mtu kufanya jambo lolote. Wakili makini huomba zuio dhidi ya kitendo chenyewe cha Kamishna. Na zuio hilo, hata likitolewa, halisimamishi lenyewe mashtaka ya jinai. Kifungu cha 193A cha Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai kinaruhusu kesi ya madai na ya jinai ziende sambamba, na anayepatikana na hatia ya ulaghai wa ushuru anaweza kutozwa faini ya hadi shilingi milioni 10 au mara mbili ya ushuru aliokwepa, kiasi kilicho kikubwa zaidi, kufungwa hadi miaka 10, au vyote viwili.