Je, wajua kwa nini Luteni Uhura anaitwa Nyota?

Jumamosi moja jioni nilikuwa kwenye kibanda umiza kimoja pale Nkuhungu, Dodoma, nimebanwa kwenye benchi kati ya fundi pikipiki na vijana wawili wa sekondari. Kiingilio mia tano. Bati juu lilikuwa bado linatema joto la mchana, na feni moja ikitugawia wote vumbi lile lile. Filamu ilikuwa Star Trek ya mwaka 2009, ile ya wasafiri wa chombo cha anga za juu. Ikafika pale Spock, yule mwenye masikio ya ncha, anapoagana na dada wa mawasiliano, Luteni Uhura, na kumwita kwa jina lake la kwanza: Nyota.

Kibanda kikalipuka. Kijana mmoja akanigeukia: "Mjomba, hawa wazungu jina la Kiswahili wamelitoa wapi?"

Nilimjibu juujuu tu, maana watu walishaanza kutufokea tunyamaze. Jibu lenyewe ni refu, na linapitia kwa watu wa kazi moja ambayo hata wasomaji wazuri wa vitabu hawaijui sana: kuandika vitabu vya filamu na tamthilia za watu wengine.

Tuanze na Uhura. Star Trek ilianza kurushwa kwenye televisheni ya Marekani Septemba 1966, Tanganyika ikiwa haijatimiza hata miaka mitano ya uhuru. Mwigizaji Nichelle Nichols alisimulia kwamba siku ya usaili alikwenda na riwaya ya Robert Ruark iitwayo Uhuru, inayohusu Kenya. Gene Roddenberry, mwasisi wa tamthilia hiyo, akalipenda neno. Wakalilainisha mwishoni, likawa Uhura. Basi, ikaishia hapo. Kwa muda wote wa tamthilia ile dada wa watu alikaa chomboni bila jina la kwanza.

Aliyempa ni William Rotsler, na hakumpa kwenye filamu. Mwaka 1982 alipewa kazi ya kuandika kitabu cha wasifu mfupi wa wahusika wa Star Trek. Sasa utaandikaje wasifu wa mtu mwenye nusu ya jina? Akachagua Nyota, akaomba ridhaa ya Roddenberry na ya Nichols, wakakubali. Likapita miaka 27 vitabuni na midomoni mwa mashabiki kabla ya kutamkwa sinemani. Mwenzake wa chombo hicho hicho, Sulu, alipata jina la Hikaru kwa njia hiyo hiyo: Vonda McIntyre alimwita hivyo kwenye riwaya yake ya 1981, na filamu ikaja kulitumia mwaka 1991.

Rotsler na McIntyre walikuwa wakiandika ndani ya ulimwengu wa mtu mwingine, kwa mkataba. Watu wa Dodoma tutawaelewa haraka, kwa sababu tangu serikali ihamie hapa habari za kupanga nyumba tunazijua. Unaruhusiwa kuweka pazia lako na kapeti lako. Kubomoa ukuta, hapana. Kupigilia msumari, kamwulize kwanza mwenye nyumba. Mwandishi wa riwaya za namna hii hawezi kumuua mhusika mkuu, hawezi kumwoza, na kwa kawaida muhtasari wake unasomwa na kampuni yenye filamu kabla hajaandika sura ya kwanza.

Kazi yenyewe iko ya aina mbili. Kuna kuandika hadithi mpya yenye wahusika waliokwishajulikana, na kuna kuigeuza filamu kuwa kitabu. Hii ya pili ndiyo watu huidharau, wakidhani ni kunakili. Mimi huwaambia wamfikirie yule mtafsiri wa filamu tunayemsikia vibandani, anayeongea juu ya sauti za waigizaji. Mwigizaji akikaa kimya akitazama dirishani, mtafsiri ndiye anatuambia huyu bwana anawaza deni. Mwandishi naye ana kazi hiyo hiyo. Mswada wa filamu unafika mezani kwake ukiwa na kurasa mia na kitu, mazungumzo na maelezo mafupi ya matendo, na riwaya inataka mara tatu au nne ya maneno hayo. Mawazo, harufu, woga, yote ayatoe kichwani mwake. Tena mara nyingi anapewa wiki chache, kwa sababu kitabu kinatakiwa kiwe dukani siku filamu inapoingia sinema.

Kwa haraka hiyo, mara nyingi anaandika filamu ambayo hajaiona. Riwaya ya Star Wars ilitoka mwishoni mwa 1976, filamu ikafuata Mei 1977. Jaladani pana jina la George Lucas, mwenye filamu, lakini aliyeiandika ni Alan Dean Foster. Alifanyia kazi mswada, na filamu ikabadilika nyuma yake. Ndiyo maana kitabuni shujaa Luke anarusha chombo akiwa kwenye kikosi cha bluu, sinemani kikosi ni chekundu. Foster amesimulia pia kwamba alipoandika Alien, iliyotoka 1979, hawakumwonyesha hata picha ya dude la kutisha la filamu hiyo. Akaandika kitabu cha kutisha kuhusu kitu asichokijua sura. Jaribu wewe.

Wakati mwingine mpangaji anaona ufa ambao mwenye nyumba hakuuona. Mwandishi Isaac Asimov alipewa mswada wa Fantastic Voyage, filamu ya mwaka 1966, habari ya madaktari na wenzao waliopunguzwa ukubwa, wakaingizwa na nyambizi yao ndani ya mwili wa mgonjwa. Mwishoni wao wanatoka, nyambizi inabaki humo imemezwa na chembe nyeupe ya damu. Asimov akauliza: si itarudia ukubwa wake impasue mgonjwa? Kwenye kitabu akahakikisha mabaki yametolewa pamoja na ile chembe. Kitabu kikawahi kutoka miezi kadhaa kabla ya filamu, hivyo wengi wakaamini filamu ndiyo iliyotokana na kitabu, na kwamba wapiga picha ndio walioharibu!

Fedha sasa. Kwa utaratibu wa Marekani, mikataba mingi ya kazi hii humhesabu aliyeagiza kuwa ndiye mwandishi kisheria. Aliyeandika analipwa kwa mkupuo, pengine na mrabaha mdogo kwa kila nakala. Hakimiliki hana. Foster alijitokeza hadharani mwaka 2020, akiungwa mkono na chama cha waandishi wa bunilizi za kisayansi cha Marekani, akisema mirabaha ya vitabu vyake vya Star Wars na Alien ilisimama baada ya haki za vitabu hivyo kuhamia kampuni ya Disney. Nyumba ikiuzwa, mpangaji ndiye wa kwanza kupata shida.

Na mwenye nyumba akitaka kupaka rangi upya, hakuulizi. Timothy Zahn aliandika riwaya ya Star Wars iitwayo Heir to the Empire mwaka 1991, ikapanda hadi kileleni mwa orodha ya vitabu vinavyouzwa sana ya New York Times, na humo akamzaa adui mwenye ngozi ya bluu, Thrawn. Aprili 2014 kampuni yenye Star Wars ikatangaza kwamba riwaya hizo zote za zamani si historia rasmi tena. Miaka miwili baadaye wakamrudisha Thrawn kwenye katuni. Nadhani Zahn alicheka siku hiyo, ingawa mhusika mwenyewe si mali yake.

Niliyasimulia haya kwa kijana mmoja wa chuo anayeuza simulizi kwenye WhatsApp, sehemu moja shilingi mia tano, mbili za mwisho elfu. Alikuwa na hadithi ya Spock aliyeanguka Kondoa. Ni nzuri, ina vichekesho. Lakini kuiuza bila leseni hawezi; wahusika wana mwenyewe, na Tanzania tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999.

"Kwa hiyo kaka, nimbadilishe jina tu?"

Jina, masikio, chombo na sayari, nikamwambia. Ukimaliza kuvibadilisha vyote hivyo utakuta umeshajenga banda lako.

Alinuna kama siku tatu. Juzi kanitumia sura ya kwanza: chombo kinaruka kutoka Bahi, nahodha ni Mgogo anayelalamikia mlenda wa kopo, na dada wa mawasiliano bado hajapewa jina.