Je, waigizaji wa filamu bubu walikwenda mbio?

Wengi huamini kwamba waigizaji wa filamu bubu walikwenda mbio na kurusha mikono ili waeleweke. Mbio hizo kwa kawaida hutokana na mashine: kamera ilizungushwa kwa mkono, mara nyingi kwa picha 16 hadi 20 kwa sekunde, na mkanda huohuo ukaja kuonyeshwa kwa picha 24. Kuhusu mikono, itazameni Cenere, filamu ya Kiitalia iliyotengenezwa mwaka 1916, inayomhusu mama wa Sardinia, kisiwa cha Italia, aliyeachana na mwanawe ili mtoto apate maisha bora. Mwigizaji wake mkuu, bingwa wa jukwaa, hutulia, huinamisha kichwa, na wakati mwingine huficha uso kabisa. Mwendo ukionekana wa haraka, punguzeni kasi ya video hadi robo tatu, kisha mwangalie watu wanavyotembea.