Vampaya wa Bloodlust si yule unayemdhania

"Katuni ni za watoto." Hilo ndilo la kwanza utakaloambiwa ukiitaja Vampire Hunter D: Bloodlust, filamu ya Kijapani ya mwaka 2000, wala halina mjadala mrefu: mwekee mtoto wa darasa la pili aitazame, halafu uone kama usiku huo atakubali taa izimwe. Mwongozaji wake, Yoshiaki Kawajiri wa studio ya Madhouse, ndiye aliyetengeneza Ninja Scroll mwaka 1993, na hiyo nayo si ya watoto.

Wengine hudai kwamba ni mwendelezo wa Vampire Hunter D, filamu ya 1985, kwa hiyo usipoanza na ile utapotea. Hupotei. Zote zimetokana na riwaya za Hideyuki Kikuchi, ila hii imechukua kitabu cha tatu na kisa chake kinajitegemea. D, mwindaji aliye nusu binadamu nusu vampaya, anakodiwa kumrudisha Charlotte, binti wa tajiri, ambaye amechukuliwa usiku na vampaya Meier Link. Ndugu wa ukoo wa Marcus, wawindaji wa kulipwa, nao wako mbioni kumtafuta huyohuyo.

Ukiona ngome, minara na magari ya farasi utasema hii ni Ulaya ya kale. Kumbe ni maelfu ya miaka ijayo: farasi wa D ni mashine, na kwenye ngome ya Carmila, vampaya wa kike, kuna chombo cha kwendea angani. Jina hilo Carmila, kwa wanaodhani kila mnyonya damu ni mjukuu wa Dracula, linatoka kwenye hadithi ya Sheridan Le Fanu ya 1872, miaka 25 kabla ya riwaya ya Dracula kuchapishwa.

Hata hili la vampaya kuuawa na jua si la kale kama linavyodhaniwa. Dracula wa Bram Stoker hutembea mchana, nguvu zake zikiwa zimepungua tu. Aliyeteketezwa na mwanga wa asubuhi ni yule wa Nosferatu, filamu ya Kijerumani ya 1922. Kawajiri ameichukua kanuni hiyo akaigeuza kuwa kipimo cha mapenzi: Charlotte akiwa hatarini, Meier anatoka juani huku mwili unaungua. Ukishaliona hilo, ile hadithi ya jitu katili na msichana aliyetekwa haisimami tena. Charlotte alikwenda kwa hiari yake. Tulioaminishwa kwamba ametekwa ni sisi, pamoja na baba yake.

Kuna wanaolalamika kwamba D hana hisia. Kusema hasemi, kweli; anayepayuka ni mkono wake wa kushoto, wenye uso na ulimi mkali kuliko wa wifi. Lakini katika filamu hii mengi husemwa na mchoro. Meier anapoingia mjini, misalaba inajipinda yenyewe. Yutaka Minowa, msanifu wa wahusika, alizichukua picha za Yoshitaka Amano, mchoraji wa riwaya zile, zenye nyuso nyeupe na nywele zinazotiririka kama wino, akazipa umbo linaloweza kutembea bila kuzipotezea huzuni. Na huyo D "asiye na hisia" ndiye anayeahidiana na Leila, mpinzani wake kutoka kundi la akina Marcus, kwamba atakayebaki hai ataweka maua kwenye kaburi la mwenzake. Yaliyofuata sisemi.

Kwa wanaokataa kuitazama kwa Kiingereza wakidai hiyo ni tafsiri ya baadaye: sauti za Kiingereza ndizo zilizotangulia kurekodiwa, za Kijapani zikafuata.