Je, wajua kwa nini sakafu ya ukumbi wa michezo imejaa mistari ya rangi rangi?

Ukiingia kwa mara ya kwanza kwenye ukumbi wa ndani unaotumiwa na timu ndogo ndogo, macho huishia chini. Sakafu ina mistari myekundu, myeusi, ya bluu, ya kijani na ya njano. Mingine imenyooka, mingine imejikunja, yote imepandana. Mgeni anaweza kudhani fundi rangi alipotea njia akaanza upya mara tano, bila kufuta alikokosea.

Jibu fupi ni kwamba kila rangi ni kiwanja kizima cha mchezo mmoja. Timu ya kikapu inafuata rangi yake, ya wavu yake, ya mpira wa mikono yake, na mistari ya wenzao wanajifanya hawaioni. Jibu refu ni tamu zaidi, maana linaanza na swali la nani alitangulia, mchezo au jengo.

Kwa kikapu, jengo lilitangulia. Desemba 1891, huko Springfield, Massachusetts, Marekani, mwalimu James Naismith alitakiwa abuni mchezo wa kuwachangamsha vijana wakati wa baridi kali, ndani ya ukumbi wa mazoezi ya viungo. Vikapu viwili vya kubebea mapichi vikapigiliwa kwenye ukingo wa roshani, kimoja kila upande. Ukingo ule ulikuwa futi 10 kutoka sakafuni, yaani mita 3.05, na pete ya kikapu iko kwenye kimo hicho hicho hadi leo. Netiboli, iliyozaliwa kutokana na kikapu, ilirithi hata kimo cha pete. Kila anayeruka kudanki, yaani kuusukumiza mpira kwa mkono ndani ya pete, leo anashindana na roshani ya mwaka 1891.

Mpira wa wavu ulifuata mwaka 1895, kazi ya William Morgan wa Holyoke, mji wa jimbo hilo hilo, aliyetaka mchezo wa ndani usio na kugongana. Futsali ikaja 1930, pale Juan Carlos Ceriani wa Montevideo, Uruguay, alipoingiza kandanda kwenye viwanja vya kikapu. Mpira wa mikono nao ulihama. Kwenye Olimpiki ya Berlin mwaka 1936 ulichezwa nje, kwenye nyasi, wachezaji 11 kila upande. Uliporudi Olimpiki ya Munich mwaka 1972 ulikuwa ndani ya ukumbi, na timu zimepungua hadi wachezaji saba. Kwa hiyo kila mchezo uliingia chini ya paa kwa wakati wake, na kila mmoja ukaja na futikamba yake.

Hapo ndipo fujo ya mistari ilipoanzia. Kiwanja cha wavu ni mita 18 kwa 9. Cha kikapu, kwa vipimo vya kimataifa, ni 28 kwa 15. Cha mpira wa mikono ni 40 kwa 20, na cha mpira wa vinyoya ni kadogo tu, 13.4 kwa 6.1. Hakuna kilichopimwa kwa kumfikiria jirani yake. Kero kubwa kuliko zote ni netiboli na kikapu, kwa sababu vinakaribia kulingana bila kulingana. Netiboli ni mita 30.5 kwa 15.25, kwa hiyo vikichorwa kwa kitovu kimoja, mistari yao ya pembeni inakwenda sambamba ukumbi mzima, karibu kugusana. Mchezaji anayekimbilia mpira huku kichwa kimeelekea juu hana namna ya kujua kwa haraka amekanyaga upi. Mwamuzi naye anahitaji macho makali.

Wapo pia wanaopatana. Goli la futsali na la mpira wa mikono vina kipimo kimoja, mita 3 kwa 2. Eneo la kipa kwenye mpira wa mikono ni upinde uliochorwa mita 6 kutoka kwenye nguzo za goli, na eneo la penalti la futsali linachorwa karibu vile vile. Kumbi nyingi huweka goli moja na timu mbili za michezo tofauti zikaishi nalo kwa amani.

Sasa inama uangalie pale mistari ya rangi mbili inapokutana. Mara nyingi utaona mmoja unapita moja kwa moja bila kukatika, na mwingine unasimama kidogo kabla ya kuufikia, unaacha nafasi ya vidole viwili, kisha unaendelea ng'ambo. Hilo halikutokea kwa bahati mbaya. Mstari usiokatika ni wa mchezo mkuu wa ukumbi huo. Inayokatika imeamriwa kupisha. Ukitaka kujua ni timu gani ina nguvu mahali fulani, usihangaike na ratiba ukutani. Angalia ni rangi gani haimpishi mtu.

Rangi zenyewe hutofautiana nchi hadi nchi, hata ukumbi hadi ukumbi. Ndiyo maana timu ngeni hupenda kufika mapema, wachezaji wazunguke sakafuni kabla ya kupasha misuli, ili macho yazoee rangi ya kufuata. Baada ya dakika chache mistari mingine inafifia kichwani, kama kelele za feni unazoacha kuzisikia.

Wajerumani walilivalia njuga suala hili kuliko wengi. Kanuni zao za ujenzi zina kitu wanachokiita ukumbi wa sehemu tatu: mita 45 kwa 27, na urefu wa mita 7 kwenda juu. Ule urefu wa 45 unabeba kiwanja kizima cha mpira wa mikono na nafasi ya kupumulia nyuma ya magoli. Mita 7 za juu nazo ndizo nafasi tupu ambayo sheria za mpira wa wavu zinaitaka juu ya wachezaji. Mapazia mawili mazito yakishushwa kutoka darini, ukumbi unakuwa vyumba vitatu vya mita 15 kwa 27, na kila kimoja kinameza kiwanja cha wavu kilicholala kwa upana wa ukumbi. Jioni moja timu tatu zinafanya mazoezi kwa wakati mmoja. Kasoro ni kwamba pazia huzuia mpira lakini halizuii filimbi. Kocha wa upande wa pili akipuliza, watu wa upande huu nao husimama, mpira mkononi, wakitazamana.

Mistari, hata hivyo, hugawa sakafu tu. Kuna ugomvi usiochoreka. Wa kwanza ni ulimbo. Wachezaji wa mpira wa mikono hujipaka gundi nzito vidoleni ili waushike mpira kwa mkono mmoja na kuupindisha wanapofunga. Gundi hiyo hubaki kwenye mpira, ikahamia sakafuni, kwenye magoli na hata vitasa vya milango. Timu ya vinyoya ikiingia saa inayofuata, raba zinanata kila hatua, na kunata ghafla wakati mwili unageuka ni hatari kwa goti. Kumbi nyingi zimepiga marufuku gundi kabisa, wenyewe wa mchezo wakalalamika kwamba wameletewa mchezo mwingine. Shirikisho lao la kimataifa limekuwa likijaribu mipira isiyohitaji gundi. Kwa upande wangu, nawaelewa wote wawili, ila nikishika deki mkononi nahamia upande wa mwenye ukumbi.

Wa pili ni hewa. Kinyoya, kile kinachopigwa badala ya mpira, kina uzito wa takriban gramu 5 tu, na upepo mdogo wa kiyoyozi unatosha kukisukuma nje ya mstari. Kwa hiyo wa vinyoya wanataka mitambo izimwe, na wa kikapu, waliotoka jasho chapachapa, wanataka iwashwe.

Kumbi kubwa za timu za kulipwa zimekwepa mengi ya haya kwa kubadilisha sakafu yenyewe. Madison Square Garden, New York, ni nyumbani kwa Knicks wa kikapu na Rangers wa mpira wa magongo wa barafuni. Barafu haiyeyushwi kila kikapu kinapotaka nafasi. Inafunikwa kwa mbao za kuzuia baridi, kisha sakafu ya kikapu inapangwa juu yake kipande kwa kipande. Mtazamaji aliyekaa karibu na uwanja ana barafu chini ya viatu vyake na huenda hajui.

Madrid, mwaka 2023, Kombe la Dunia la kikapu la wasichana chini ya miaka 19 lilichezwa kwenye sakafu ya kioo yenye taa chini yake. Sakafu kama hiyo huwasha mistari ya mchezo unaochezwa tu, na mingine haionekani kabisa. Kwa timu za kawaida hilo bado ni jambo la kutazama kwenye simu. Kwao, zamu ikifika, mtu mmoja anapiga magoti na kuchokonoa vifuniko vidogo vya duara vilivyozama sakafuni, vinavyoficha mashimo ya nguzo. Mwingine anakokota nguzo, wa tatu anakunjua wavu. Waliomaliza zamu yao wanakusanya chupa za maji taratibu, wakiiba dakika mbili za mwisho kurusha kikapuni, huku wenye rangi ya bluu wameshasimama kwenye mistari yao wakisubiri.