Upepo unaenda kwa zamu: venye nilijenga chama cha waita-upepo

Karibu kila mtu anayekuja kwa meza yangu mara ya kwanza ananiambia anataka kuwa mchawi wa upepo, na nikimuuliza atafanya nini na huo upepo anasema atarusha watu. Basi. Anapunga mkono, adui anaruka, tunaendelea. Mimi naandika na kuendesha gemu za fantasi za mezani hapa Nairobi, zile za daftari na dadu, na hii kitu imenisumbua miaka mpaka nikaamua chama cha waita-upepo katika dunia yangu nitakijenga kutoka chini kabisa, nikianza na swali moja: huo upepo ulikuwa wapi kabla hujauita?

Sababu upepo hautoki hewani hivi hivi. Hewa inatoka pale presha iko juu inaenda pale iko chini, na tofauti hiyo inaletwa na joto, jua likipiga nchi kavu inapata moto haraka kuliko bahari, hewa ya juu ya nchi inapaa na ile ya baharini inakuja kujaza nafasi. Kwa hivyo ukiuvuta uje kwako kuna mahali umeacha shwari, na hapo kuna watu.

Watu wa Pwani wameishi na hii hesabu karne nyingi. Kaskazi inavuma kama Disemba mpaka Machi inaleta majahazi kutoka Arabuni na Bara Hindi, kusi inashika kutoka Aprili mpaka karibu Septemba inawarudisha kwao, na katikati kuna maleleji, upepo hauna msimamo, leo huku kesho kule. Ukikosa msimu unakaa bandarini. Angalia Vasco da Gama, mwisho wa Aprili 1498 alitoka Malindi na rubani aliyepewa pale pale, na chini ya mwezi mmoja alikuwa amefika Calicut. Kurudi hakungoja kaskazi ishike, akaondoka India mwanzo wa Oktoba, akafika Malindi Januari 1499, miezi mitatu ya shwari na upepo wa omo, ule wa kupiga meli usoni, na mabaharia wengi walikufa kwa kiseyeye humo njiani. Bahari ni ile ile, nahodha ni yule yule, kilichobadilika ni tarehe. Tangu nisome hiyo safari, mwita-upepo mkubwa kwangu ni yule anajua tarehe.

Halafu hili neno chama lenyewe likanifungulia mlango. Mamangu ako kwa chama tangu nikiwa mdogo, wamama kumi na wawili, kila mwezi kila mtu anatoa, mmoja anabeba yote, mwezi ujao ni mwingine, kuna mweka hazina, kuna daftari, kuna faini ya kuchelewa, na hakuna kitu huvunja chama haraka kama mtu aliyebeba wa kwanza halafu akaacha kutoa. Nikauchukua mpango huo mzima. Nyumba kumi na mbili za waita-upepo, kila moja na zamu yake, na zamu zote zimeandikwa.

Nyumba zenyewe nimeziweka kwenye vilango, pale milima inabana hewa. Hapo sikuhitaji kwenda mbali, kule Turkana upepo unaotoka upande wa Bahari Hindi unabanwa kati ya nyanda za juu za Ethiopia na za Kenya na unapita kwa kasi ya ajabu, ndio maana Loiyangalani kumesimamishwa mitambo 365 ya umeme, megawati 310 kwa jumla. Mwenye kukaa kwa kilango ndiye anasikia upepo kwanza, na ndiye rahisi kuuiba.

Lugha nayo imejaa mali. Wingi wa upepo ni pepo, na pepo ndiye huyo huyo anampanda mtu kichwani. Jahazi likienda dhidi ya upepo tunasema linabisha, na mgeni mlangoni pia anabisha. Kwa hivyo chamani hakuna mtu anaamuru upepo, wewe unabisha, unangoja kuitikiwa.

Mtihani wa kwanza wa mwanafunzi wa chama niliupata Ngong. Mwezi wa saba nilipanda na kipande cha leso nimefunga kwa fimbo. Pale juu kwa mgongo wa kilima leso ilinyooka kama ubao, nikashuka hatua kama ishirini upande wa Bonde la Ufa ikalala kabisa, nyasi zimetulia, na bado nasikia mitambo kule juu inazunguka. Sasa kwenye gemu mwanafunzi anapewa taa ya wazi avuke mlima usiku wa dhoruba bila kuita chochote, ajue tu atakanyaga wapi.

Na faini ni shwari. Ukichukua nje ya zamu, siku zile zile ulizoiba hewa inakufa karibu yako, moto wa kupikia haushiki, nguo hazikauki, ukiita mtu sauti haifiki.

Juzi kwa meza kulikuwa na dada mmoja mtulivu sana, meli yao inafukuzwa, akasema naita upepo. Nikamuuliza unautoa wapi. Akafungua daftari la zamu (niliandika kwa mkono, kitabu cha mraba cha hesabu, wachezaji wanalishika wenyewe), akaona ni zamu ya nyumba ya nane, kisiwa cha wavuvi. Akauchukua, wakapona. Siku tatu baadaye kwenye stori wakafika kisiwa hicho, wakakuta ngalawa zimepangwa mchangani, matanga yamekunjwa, na mzee mmoja anaparua sufuria iliyokuwa na mchuzi juzi. Hakuna aliyewalaumu, hawakujua ni nani.

Meza ikanyamaza, nje matatu za mwisho zinaita abiria. Dada akavuta daftari, akachukua kalamu yangu, akafuta zamu zake tatu zinazokuja na juu ya kila moja akaandika: ya nane.