Kwenu ni Wiki Tano, Kwake ni Jumanne

Harusini Düsseldorf mwezi uliopita, sahani ya biriani bado mkononi, wifi yangu akaniinamia: "Wifi, yule mama wa mapokezi kwenye ile tamthilia ya polisi si mteja wako? Kila wiki yumo! Huyo sasa ana nyumba ngapi?" Meza nzima ikacheka. Mimi nikatafuna pilipili kimya kimya. Nimeulizwa swali hili kwenye harusi, kwenye matanga, hata kwa daktari wa meno mdomo ukiwa wazi. Basi leo naandika, ili nikiulizwa tena nitume kiungo na kuendelea kula.

Nipo kwenye ofisi ndogo ya uwakala wa waigizaji hapa Köln. Wateja wangu wengi ni wanawake waliovuka miaka 45, wa nafasi ya pili: jirani, nesi, karani wa mahakama, mama wa marehemu. Mama wa marehemu ndiye anayetafutwa zaidi, maana televisheni ya Ujerumani bila maiti haiendi.

Sasa sikilizeni. Mwigizaji wa televisheni huku halipwi kwa kuonekana. Analipwa kwa siku ya kushuti. Na tamthilia za jioni hazipigwi picha kwa mpangilio mnaoutazama. Sehemu kadhaa hukusanywa pamoja, kisha pahala pakishawekwa taa, kila kilichoandikwa kutokea pale humalizwa papo hapo. Huyo mama wa mapokezi anaamka saa kumi na moja alfajiri, anapakwa vipodozi, anakaa nyuma ya ile meza, anampa mpelelezi faili. Anabadilishwa blauzi. Anampa faili jingine. Blauzi ya tatu, simu inalia. Ya nne, anasema "Bosi anakusubiri." Ya tano, anatikisa kichwa tu. Kwenu ni wiki tano. Kwake ni Jumanne.

Msimu uliopita ulikuwa na sehemu 16. Yeye yumo katika 11. Siku za kushuti: 9. Tuseme ujira ni euro 1,000 kwa siku, namba ya duara ya kufanyia hesabu tu, siuzi siri ya mtu. Ni 9,000. Asilimia 10 ni yangu, zimebaki 8,100, na kodi bado haijabisha hodi. Kujifunza maneno, kujaribisha nguo, kusafiri, kukaa kwenye gari saa nne kwa sababu mvua imegoma kuacha: mara nyingi hayo yote yamo humo humo kwenye siku 9. Wifi, nyumba ngapi?

Bima nitaipita mbio. Siku za kushuti yeye ni mwajiriwa, si mtu wa kujitegemea kama wengi wanavyodhani, kwa hiyo anakatwa michango kama karani yeyote. Kupata fedha ya kukosa kazi, kanuni ya kawaida inataka miezi 12 ya michango ndani ya miezi 30. Kwa wenye mikataba mifupi kuna kanuni ya pekee ya miezi 6. Siku za bima huweza kuzidi siku za kushuti, lakini tusiingie huko, nitashindwa kutoka.

Kinachonikera hasa ni kuchanganya miaka na kazi. Chukueni Heide Keller, mzaliwa wa Düsseldorf huko huko tulikokula biriani. Tangu 1981 hadi Mwaka Mpya wa 2018 alikuwa Beatrice, mkuu wa wahudumu wa meli kwenye Das Traumschiff, tamthilia ya meli ya kitalii ya kituo cha televisheni cha ZDF. Hakuwa nahodha, wala hakuwa yule mrembo anayependwa na kuachwa bandarini. Manahodha walibadilishwa, yeye akabaki. Mjerumani yeyote wa umri wangu ukimtajia Beatrice anaona sare nyeupe na tabasamu la kikazi. Mtu akisikia "zaidi ya miaka 36" anadhani mama alikuwa baharini mwaka mzima kama baharia wa Lamu. Hapana! Meli ile kwa miaka mingi ilitia nanga kwenye televisheni mara mbili tatu tu kwa mwaka, hasa siku ya pili ya Krismasi na Mwaka Mpya. Miezi iliyobaki alikuwa na maisha mengine: alicheza jukwaani, na baadhi ya miswada ya hiyo hiyo Traumschiff aliiandika yeye, kwa jina la kalamu. Kwa kipimo cha kazi yangu yeye alifanikiwa mno. Lakini hata hapo uso ulikuwa na kazi nyingi kuliko mwenye uso.

"Basi marudio," watasema. "Kila wakirudia, pesa inadondoka." Inadondoka, ndiyo, kama bomba bovu. Mikataba mingi imekwisha kununua haki za marudio kwa mkupuo, kwa malipo ya mara moja. Kuna chama cha kukusanya haki za wasanii, GVL, kinachogawa malipo ya matumizi kama kurushwa tena kwa kebo, lakini mwigizaji lazima aorodheshe mwenyewe kila kazi aliyoshiriki. Nina mteja aliyekuja na mfuko wa plastiki uliojaa mikataba, mmoja una doa la kahawa juu ya tarehe. Tulikaa wikendi mbili tukiorodhesha akina mama wa marehemu.

Sasa niseme nisilolijua, maana nalipwa kujifanya nalijua. Mteja akipewa nafasi ya kudumu, ile ya kila msimu, akubali? Annemarie Wendl alizaliwa 1914, akafanya jukwaa miongo na miongo, halafu mwaka 1985, akikaribia miaka 71, akaanza kucheza Else Kling kwenye Lindenstraße, tamthilia ya kila wiki ya majirani wa mtaa mmoja: mke wa mtunza jengo, mmbea, ulimi wa Kibavaria mkali kama wembe. Alibaki humo hadi 2006, mwaka aliofariki. Nikimtaja, wateja wangu wa miaka 60 hukaa wima. Ila yeye aliingia akiwa na umri ambao hakuna tena wa kumwambia "uso wako umezoeleka." Mwenye miaka 38 huambiwa. Nimeshawahi kumshauri mmoja akatae, na mwingine akubali, mwezi mmoja huo huo, kwa sauti ile ile ya uhakika. Aliyekubali analipa pango bila wasiwasi na haitwi tena kwenye usaili wa Tatort, ile tamthilia maarufu ya upelelezi. Aliyekataa anaitwa, na jioni anaingiza sauti filamu za Kimarekani ili alipe lake. Sijui yupi nilimpotosha.

Watu hunitajia pia mwigizaji Evelyn Hamann: si alikuwa mtunza nyumba wa profesa kwenye Die Schwarzwaldklinik, tamthilia ya hospitali, kisha miaka ya tisini akapata tamthilia yake mwenyewe? Kweli. Lakini tangu 1976 alikuwa ameshachekesha nchi nzima pamoja na mchekeshaji maarufu Loriot. Aliingia jikoni kwa profesa akiwa nyota tayari. Hiyo ngazi mnayonionyesha haikuanzia chini.

Nikiwa hapa naandika, simu imelia. Siku ya kushuti ya Alhamisi imesogezwa Jumanne, na Jumanne mama wa mapokezi ana onyesho la jukwaani Bonn, tiketi zimeuzwa. Blauzi zake tano zimeshapigwa pasi. Wananiuliza kama hawezi kumaliza saa tisa, kwa faili tano tu.